Vipande 561: Roland Barthes mbele ya hadithi moja ya Balzac

Mwaka 1968 Roland Barthes, mhakiki wa fasihi wa Kifaransa, alikuwa na tatizo alilojitakia mwenyewe. Miaka miwili kabla, katika toleo la 8 la jarida la Communications, alikuwa ametoa makala ndefu ya utangulizi wa uchambuzi wa kimuundo wa masimulizi. Ahadi yake ilikuwa kubwa: hadithi zote, za kale na za leo, za mabingwa na za vijiweni, zina sarufi moja chini yake, na kazi ya mwanasemiotiki, yaani mchunguzi wa ishara na maana, ni kuifukua. Makala ilisomwa mno, na hata leo inasomeshwa. Aliyeiandika, hata hivyo, alishaanza kuichoka. Ukiipata sarufi inayofaa hadithi zote, umebaki na nini cha kusema kuhusu hii moja iliyo mbele yako?

Jibu lake lilichukua miaka miwili ya semina katika École pratique des hautes études jijini Paris, mwaka 1968 na 1969, na likatoka kama kitabu mwaka 1970 kwa jina la ajabu: S/Z. Muda wote huo darasa zima lilikuwa likisoma hadithi moja ya Honoré de Balzac, mwandishi wa Kifaransa wa karne ya 19, ambayo mtu huimaliza kabla chai haijapoa. Ni Sarrasine, iliyochapishwa kwa mara ya kwanza mwaka 1830 katika Revue de Paris. Barthes aliikatakata vipande 561, akavipa namba, akavisoma kimoja kimoja kwa mpangilio ule ule wa hadithi, na kila alipopata la kusema akasimama kando kidogo kulisema. Michepuko hiyo ipo 93. Wako wanaokitaja kitabu hiki kwa ajili ya misimbo mitano tu, yaani njia tano ambazo hadithi hutolea maana, nitakazozieleza chini. Mimi naona misimbo ndiyo sehemu yake nyepesi. Uzito uko kwenye ule ukataji.

Kwanza hadithi yenyewe, maana bila hiyo hatufiki popote.

Msimulizi asiye na jina yuko kwenye tafrija ya usiku katika jumba la familia ya de Lanty, mtaa wa matajiri wa Faubourg Saint-Honoré, Paris. Hakuna anayejua utajiri wa familia hii umetoka wapi. Katikati ya wageni anapita mzee mmoja mkongwe kupindukia, amepakwa rangi usoni, amevishwa vito, na watu wa nyumba ile wanamlinda kama hazina. Madame de Rochefide, aliyekuja na msimulizi, anaingiwa na hofu na udadisi: huyu ni nani? Na ile picha ya Adonis, kijana mrembo wa ngano za Kigiriki, ukutani, nzuri kupita uzuri wa mwanamume, ni ya nani? Msimulizi, anayemtaka mwanamke huyu, anamwahidi kumweleza kesho yake jioni. Wote wawili wanaelewa kwamba simulizi hiyo ina bei.

Kesho yake anasimulia. Ernest-Jean Sarrasine, kijana mchongaji sanamu, mwanafunzi wa mchongaji Bouchardon, anakwenda Roma mwaka 1758. Katika ukumbi wa maonyesho uitwao Argentina anamsikia na kumwona Zambinella akiimba, na papo hapo anampenda. Anaona kwa mwimbaji huyo uzuri kamili wa mwanamke aliokuwa akiutafuta vipande vipande kwa wanawake waliokuwa wakimkalia achonge. Anaanza kumchonga. Anaalikwa kwenye karamu ya waimbaji, wanamcheka bila yeye kujua wanachochekea. Mwishowe Mroma mmoja wa tabaka la juu, mwanamfalme Chigi, anamwambia kwa mshangao: kwani umetoka wapi? Huku katika dola ya Papa wanawake hawapandi jukwaani. Zambinella ni mwanamume aliyehasiwa utotoni ili sauti isivunjike. Sarrasine anamteka, anataka kumuua, anashindwa hata kuivunja sanamu aliyoichonga. Watu wa Kardinali Cicognara, mlinzi wa Zambinella, wanaingia na kumchoma majambia. Sanamu ikabaki, ikachongwa kwa marumaru, kutokana nayo ikachorwa ile picha ya Adonis. Na mzee yule mkongwe kwenye tafrija ndiye Zambinella. Utajiri wa de Lanty ni pesa ya sauti yake.

Madame de Rochefide anachukizwa. Ahadi ya usiku inavunjika. Sentensi ya mwisho inasema tu kwamba alibaki akiwaza.

Ni hadithi kali, na haikuwa maarufu kati ya kazi za Balzac. Barthes mwenyewe anakiri kwamba macho yake yalifunguliwa na makala ya Jean Reboul ya mwaka 1967 juu ya Sarrasine na uhasi. Nadhani bahati ilikuwa hapo: hakukuwa na rundo la uhakiki la kubomoa kwanza. Miaka michache kabla, kitabu chake cha 1963 juu ya Racine, mtunzi wa tamthilia wa karne ya 17, kilikuwa kimemletea vita. Raymond Picard wa Sorbonne alimjibu mwaka 1965 kwa kijitabu kilichoita uhakiki mpya ulaghai, na Barthes akajibu mwaka uliofuata. Kwa Racine kila mstari una wenyewe. Kwa Sarrasine alikuwa na uwanja mtupu.

Sasa tuone alivyokata. Kipande cha kwanza, anachokiita leksia, ni kichwa cha hadithi peke yake: Sarrasine. Kabla hajasoma neno la pili anauliza: Sarrasine ni nini? Kitu? Mtu? Mwanamume au mwanamke? Swali limefunguliwa, na halitajibiwa mpaka mbali sana ndani ya hadithi. Huo ni msimbo wa fumbo, ule unaouliza, unaochelewesha na mwishowe unajibu. Papo hapo, herufi e mwishoni mwa jina inampa msomaji wa Kifaransa harufu ya kike, kwa sababu ndivyo maneno ya kike yanavyoishia mara nyingi. Harufu hiyo ni seme, yaani chembe ya maana iliyodokezwa tu, na msimbo wake ni wa pili. Kisha sentensi ya kwanza: msimulizi amezama katika mojawapo ya zile ndoto za mchana ambazo humpata hata mtu mwepesi katikati ya sherehe yenye ghasia. Kuzama katika mawazo ni tendo, kwa hiyo tunangoja aamshwe. Huo ni msimbo wa matendo. Utulivu ndani ya ghasia ni ukinzani, na ukinzani ni mlango wa msimbo wa ishara. Ule usemi wenyewe, kwamba sherehe yenye kelele huzaa mawazo mazito, ni methali iliyovuliwa kilemba: maarifa ya watu wote, yasiyo ya mtu. Huo ni msimbo wa utamaduni, au wa urejelezi.

Kichwa na sentensi moja, misimbo yote mitano imeshaingia. Barthes anasema hakuna wa sita utakaotokea baadaye. Mtu anaweza kushuku kwamba alijua matokeo kabla ya kuanza, na sidhani kwamba shaka hiyo ni ya uonevu. Hata hivyo tazama anavyoiita: sauti. Sauti ya Uzoefu kwa matendo, sauti ya Mtu kwa seme, sauti ya Sayansi kwa utamaduni, sauti ya Ukweli kwa fumbo, sauti ya Ishara. Matini kwake ni sauti tano zinazosikika kwa pamoja, na anaichora kama karatasi ya muziki yenye mistari ya vyombo mbalimbali. Mbili kati yake, fumbo na matendo, haziwezi kurudi nyuma: huwezi kujibu kabla ya kuuliza wala kutoka kabla ya kuingia. Ndizo zinazoisukuma hadithi mbele. Zile tatu nyingine hazijali mpangilio, zinaweza kuunganisha kipande cha 2 na kipande cha 500.

Tofauti hiyo ni muhimu kuliko orodha. Katika tasnifu nyingi za Kiswahili, Tanzania na Kenya, misimbo mitano ya Barthes hutajwa katika sura ya nadharia, kisha riwaya nzima ya kurasa mia mbili inagawanywa katika masanduku matano: huku matendo, huku ishara, huku utamaduni. Mwanafunzi anakuta ishara kumi na mbili, anazieleza moja moja, anahitimisha kwamba mwandishi amefaulu. Kazi ya namna hiyo ina faida yake kama zoezi. Ila imefanya kile kile ambacho Barthes wa 1970 alikuwa akikikimbia. Anaanza S/Z kwa kuwakumbuka Wabudha fulani ambao, inasemwa, kwa kujinyima sana wanafikia kuona mandhari yote ndani ya punje moja ya kunde. Wachambuzi wa kwanza wa masimulizi, anasema, walitaka hivyo hivyo, kuona hadithi zote za dunia ndani ya muundo mmoja. Hao wachambuzi wa kwanza ni pamoja na yeye. Anaona kazi hiyo inachosha na mwishowe haitakiwi, kwa kuwa matini inapoteza tofauti yake. Masanduku yanafanya vivyo hivyo: ukishaondoa kila kitu mahali kilipokuwa, hujui tena kilikuwa kinafanya nini pale.

Mfano mmoja unatosha kuonyesha ukataji unapata nini. Msimulizi amekaa kwenye kibaraza cha dirisha. Upande mmoja bustani, miti imefunikwa theluji, inaonekana kama maiti katika sanda. Upande mwingine ukumbi, taa, mabega ya wanawake, dansi. Anasema upepo unamgandisha nusu ya mwili huku nusu nyingine ikihisi joto la ukumbi. Msomaji wa kawaida anapita: mandhari, tunasubiri hadithi ianze. Barthes anasimama. Hapa, anasema, hadithi imejenga ukuta kati ya baridi na joto, kifo na uhai, nje na ndani, na msimulizi amekaa juu ya ukuta, mwili wake ukiwa pande zote mbili. Kurasa chache mbele mzee mkongwe anatokea ukumbini, baridi inayotembea. Anakaa karibu na Madame de Rochefide, kijana, anayechanua. Mwanamke huyo, kwa udadisi, ananyoosha kidole na kumgusa. Jasho baridi linamtoka mwanamke, ukelele unamtoka mzee, watu wanageuka, mwanamke anakimbilia chumba cha pembeni. Mbona kugusa tu kunaleta kishindo hivyo? Kwa sababu pande mbili ambazo hadithi ilizitenga kwa kurasa nzima zimekutana kwenye ncha ya kidole. Lile dirisha lilikuwa limeshatuambia kosa litakuwa lipi. Hili hulioni ukisoma kwa kasi, na hulioni ukiweka "dirisha" katika sanduku la ishara na "kugusa" katika sanduku la matendo.

Halafu pesa. Hakuna anayeuliza familia ya de Lanty imepata wapi mali. Balzac anatania kwamba Paris dinari iliyotapakaa damu au matope haisemi lolote, mradi ipo. Barthes anachukua mzaha huo na kuchota historia ndani yake. Zamani, katika jamii ya watawala wa ardhi, mali ilikuwa kielelezo: ukiona dhahabu unajua kuna shamba, kuna ukoo, kuna chanzo. Katika jamii ya mabepari ya karne ya 19, mali imekuwa ishara tupu: inaashiria mali, basi. Inabadilishana, haina mzizi. Sasa msome Zambinella hapo: mtu ambaye mwili wake umekatwa, naye akawa chanzo cha dhahabu isiyo na chanzo. Uhasi na fedha mpya zinazungumza lugha moja. Hapa kwangu ndipo kitabu kinapopanda juu kabisa, kwa sababu semiotiki inatoka kwenye herufi na kuingia kwenye Paris ya 1830, mwaka ambao mapinduzi ya Julai yalimweka mfalme wa mabenki na wafanyabiashara.

Jinsi hadithi inavyodanganya bila kusema uongo ni jambo jingine alilolichambua kwa ukali wa fundi. Kifaransa hakimruhusu mtu kusema juu ya mwingine sentensi mbili bila kumpa jinsia. Kiwakilishi chake ni cha kike au cha kiume, ukitaka usitake. Kwa hiyo kila msimulizi anapotumia cha kike kwa Zambinella, anatega mtego, na mtego huo Barthes anauandika kila unapotokea. Anauhesabu pamoja na vizuizi vingine vya msimbo wa fumbo: jibu la nusu, utata wenye ukweli na uongo kwa pamoja, jibu lililosimamishwa, mwisho ufunuo. Lakini anayemdanganya Sarrasine zaidi ni Sarrasine. Ana ushahidi wa aina tatu. Ninampenda, kwa hiyo ni mwanamke. Ni mzuri kamili, kwa hiyo ni mwanamke. Anaogopa, anashtuka kizibo cha shampeni kinapolia, anatetemeka akiona nyoka, kwa hiyo ni mwanamke. Zambinella mwenyewe anamwuliza: na kama mimi si mwanamke? Anacheka: unadhani unaweza kulidanganya jicho la msanii? Hizo ni hoja zenye umbo zuri na msingi uliooza, na kila moja imeokotwa kutoka kwa yale ambayo kila mtu anayajua kuhusu wanawake. Msimbo wa utamaduni, ule wa methali na hekima ya wote, ndio unaomuua. Barthes anasema waziwazi kwamba kijana huyu anakufa kwa kutojua: Roma nzima inajua, yeye hajui, na pengo hilo la habari lina makali ya jambia.

Hadithi hii ndiyo iliyomzalisha pia yule Barthes maarufu zaidi. Insha yake juu ya kifo cha mwandishi, iliyotoka kwa Kiingereza mwaka 1967 na kwa Kifaransa mwaka 1968, inafunguliwa kwa sentensi ya Sarrasine: ile inayomsifu Zambinella kuwa ndiye mwanamke mwenyewe, na hofu zake za ghafla na vituko vyake visivyo na sababu. Nani anasema hapo? Sarrasine aliyefumbwa macho? Balzac na falsafa yake ya wanawake? Hekima ya wakati ule? Hakuna wa kumkamata, anasema, na ndivyo maandishi yalivyo. Wanaoinukuu insha hiyo kama kauli ya jumla husahau kwamba swali lilitoka kwenye sentensi moja ngumu kweli kweli, ambayo hata mimi siwezi kuiamulia mwenyewe.

Sasa makosa, maana kitabu kinayo.

Barthes anajisifu kwamba hapangi sauti zake kwa daraja. Lakini kadiri kurasa zinavyokwenda, uhasi unameza kila kitu. Pesa ni uhasi, uzuri ni uhasi, simulizi ni uhasi, na hata ule mkao wa dirishani. Jina lenyewe la kitabu linatoka huko: kwa desturi ya majina ya Kifaransa tungetarajia Sarrazine, kwa z, Balzac ameandika s, na z ni herufi ya kwanza ya Zambinella, herufi anayoiona kama upanga. Mchongaji amepokonywa z yake na kukutana nayo kwa mwingine. S na z ni umbo moja likitazama kioo. Inapendeza, na naweza kukubali kwamba Balzac alicheza na sauti za majina yake. Kuijengea nguzo ya kitabu kizima ni kupenda mno ustadi wako.

Pingamizi kali zaidi lilitoka Marekani, kwa Barbara Johnson, mwaka 1978. Johnson anaonyesha kwamba hadithi ya Balzac haitamki kabisa lile neno la kumtaja Zambinella alivyo; mahali pa ukweli pameachwa wazi, kila mtu anakatishwa kabla hajasema. Barthes anaona kimya hicho, anakiandika, kisha anakwenda mbele akilitamka neno lenyewe ukurasa baada ya ukurasa. Sarrasine alimjaza Zambinella mwanamke. Barthes anamjaza uhasi. Wote wawili hawakuvumilia nafasi tupu. Mimi naona Johnson amepiga penyewe, ila kwa sehemu. Alichoweza kukipinga alikiona kwa sababu Barthes alikuwa ameshakata matini yote wazi, kipande kwa kipande, na kuweka hadithi nzima ya Balzac mwishoni mwa kitabu ili mtu yeyote aifungue alinganishe. Wachambuzi wachache wanampa mpinzani wao silaha hivyo.

Na ukataji wenyewe? Ni wa kubahatisha, anasema wazi: leksia inaweza kuwa neno moja au sentensi kadhaa, ilimradi isibebe maana zaidi ya tatu nne hivi. Wanasayansi wa fasihi waliona hiyo ni dosari. Sioni hivyo. Faida ya kukata haiko kwenye usahihi wa mpaka wa kipande. Iko kwenye kukulazimisha usimame mahali ambapo simulizi inakuomba ukimbie. Ndiyo maana anatetea kusoma tena kama jambo la msingi: wanaokataa kurudia kusoma, anasema, wanajihukumu kusoma kila mahali hadithi ile ile.

Nje ya S/Z aliitumia njia hii mara chache, kwenye matini fupi: sura mbili za Matendo ya Mitume, mieleka ya Yakobo katika Mwanzo 32, na mwaka 1973 hadithi ya Edgar Allan Poe juu ya Bwana Valdemar, ambayo hata hivyo aliichambua sehemu tu. Alijua gharama. Mwaka 1977 alipoingia Collège de France kwenye kiti cha semiotiki ya fasihi, alikuwa ameshageukia mambo mengine, na miaka mitatu baadaye alifariki, Machi 1980, mwezi mmoja baada ya kugongwa na gari la dobi mtaani Paris.

Mwanafunzi wa Kiswahili anayetaka kufanya kazi ya kweli kwa njia hii asianze na riwaya. Achague hadithi fupi, au kurasa mbili za mwanzo wa riwaya, aziandike upya kwa mkono wake vipande vipande, na kila kipande akisikilize sauti zake kabla ya kwenda kingine. Kurasa mbili hizo, zikisomwa hivyo, zitajaza sura nzima ya tasnifu, na msimamizi wake atalazimika kuzisoma pamoja naye badala ya kukagua kama masanduku yote matano yana kitu ndani.